Sale la Kuombea Msamaha

Mzee Eliaichi akichukia haongei, anafuta miwani. Jumamosi ile pale Keko aliifuta weee, mpaka Nurdin, yule fundi wa vitanda, akamwambia, "Mzee wangu, utaitoboa hiyo."

Walikuwa wamekaa mbele kabisa kwenye mkutano wa mtaa, chini ya turubai, kwenye viti vya plastiki. Nyuma yao mabati marefu yamekizunguka kiwanja, na kiwanja chenyewe ndiyo ishu yote. Eliaichi alifundisha historia miaka thelathini na ushee, na alipostaafu akaandika kitabu cha vibarua wa zamani wa bandarini, watu wa bara, wa mlimani kwao, waliofia huku mjini bila ndugu wa kuwasafirisha. Wamezikwa humo ndani ya mabati. Majina yao kumi na tisa aliyatafuta kwa miguu, Kipawa, Tabata, Temeke yote, nyumba hadi nyumba, mpaka soli ikaisha. Mmoja wao babu yake mdogo.

Sasa Jumatatu greda linaingia. Panajengwa yadi ya malori. Kwenye karatasi za mtaa pameandikwa: eneo la wazi, pori.

Na aliyeandika hivyo ni Gibson, mwenyekiti wa kamati ya yadi, kijana wa kwao kabisa, wa kule kule mlimani. Mzee akienda redioni kuwatetea marehemu, huyu anapita nyuma anasema babu kachanganyikiwa. Mpaka kanisani kwao alifika, eti mzee katumwa na wazungu. Siku moja Eliaichi alienda ofisini kwake kuomba tu aruhusiwe kuingia ndani ya mabati aangalie. Akakuta kile kitabu alichompa kwa mikono miwili kimewekwa chini ya mguu wa friji. Kimelowa, kimevimba, mende anatembea kwenye majina ya watu. Mzee aliondoka bila kuaga. Usiku ule hakula.

Basi, Gibson akafika. Ananukia marashi mpaka mafundi wakapiga chafya, na vijana wawili wa televisheni ya mtandaoni wanamfuata na simu zao. Mkononi kashika jani refu, la kijani, kalifunga fundo katikati.

"Heee," Nurdin akanong'ona. "Mangi kaja kufukuza nzi?"

"Hilo sale," Eliaichi akasema. "Kwetu mtu akikuletea hilo, kaomba msamaha. Hulikatai, hata kama kakuulia mwana. Na ukishapokea, ule ugomvi huugusi tena mpaka unakufa."

"Huugusi? Hata redioni?"

"Hata redioni."

"Mzee, huyu anakufunga mdomo na jani!"

Eliaichi alikuwa keshaelewa. Kinyaa kilimshika, kama mtu aliyekunywa chai akakuta nzi chini ya kikombe. Alimkumbuka mama yake, alivyobebaga sale kumpelekea shemeji yake, peku, analia njia nzima, hata salamu za watu haitikii. Huyu analipunga mbele ya kamera.

"Shikamoo baba," Gibson akasema kwenye maiki, kapiga goti moja, chini yake katandika leso suruali isichafuke.

"Marahaba."

"Baba, mie mwanao. Nilikukosea, ulimi hauna mfupa... ah, niseme tu nilikosa. Nimekuletea sale, mila ya kwetu. Pokea baba, yaishe. Jumatatu tukate utepe pamoja, mie na wewe."

Watu wakapiga makofi. Bwana ardhi, aliyekuja na faili lake kufunga hayo mambo, akatazama saa. Wote wanamsubiri mzee.

Akanyoosha mkono. Akilikataa, mbaya ni yeye. Akilipokea, watu kumi na tisa wanalaliwa na malori. Vidole vikaligusa jani, vikanata. Akalisogeza karibu na miwani. Lina vumbi la mbao, na vidoa vyekundu vyekundu havijakauka vizuri.

Nurdin akachungulia. "Hiyo si vanishi yangu? Ile ya mninga! Mie napulizia vitanda hapo pembeni ya mabati, upepo unaivusha hadi ndani."

Mzee akapoa ghafla. Akauliza taratibu, kama anamuuliza mtoto darasani, "Mwanangu, sale hili limetoka nyumbani?"

"Nyumbani mbali, baba!" Gibson akacheka, anataka watu wacheke naye. "Nimekata hapo ndani tu. Yamejaa. Yamejipanga mawili mawili, utadhani mtu kayapanda."

"Rudia mwanangu, spika haikusikika vizuri."

Na yeye akarudia! Kwenye maiki, simu mbili zinamrekodi.

"Pori la mistari!" Nurdin akapiga kelele. "Mangi, pori lako limeenda shule?"

Eliaichi akasimama. "Ukurasa wa arobaini. Bi Yustina wa Tabata aliniambia, wenzao waliwapandia masale, moja kichwani, moja miguuni, wasijione wako ugenini. Mie sijawahi kuyaona, nimezuiwa miaka miwili na mabati haya. Ungesoma, usingekata hapo. Lakini uliweka friji juu."

Bwana ardhi akafunga faili. "Mwenyekiti, greda lisije. Fungua kwanza nikahesabu makaburi."

"Ufunguo... nimeusahau nyumbani."

"Ufunguo wa nini!" Nurdin keshachomoa bisibisi. Skrubu sita, bati likalala.

Gibson bado kapiga goti. "Baba, sasa umenisamehe au hujanisamehe?"

"Nimepokea. Wewe nimekusamehe, mila ni mila." Mzee alisema hivyo na mdomo umempinda, maana msamaha wenyewe ulimpita kooni kama dawa ya minyoo. "Ila hawa waliolala humo hukuwaletea sale. Umewaibia."

Akaingia ndani, akilitenga jani mbali na shati lake. Magugu, chupa, pampasi za watu, na katikati masale, mawili mawili. Akatafuta hadi akaliona shina lenye kidonda kibichi. Akalifungua lile fundo, akaliegesha jani pale.

Halafu akamwambia Nurdin, "Nipe maji na sabuni, mwanangu." Akanawa mikono mara tatu, na bado akawa anainusa.