Kitone kwenye Picha ya Mjane

Itangazwe kwa wakazi wote wa mtaa wa Observatory, wenye vibali vya kuishi na wasio navyo, kwamba katika nyumba ya fundi cherehani Marcelline kuna picha inayotembeza kitone chekundu mwilini bila kuguswa na mkono wa mwanadamu.

Mkono ulikuwa wa Héritière, binti yake, aliyerudi likizo kutoka shule ya bweni na pakiti ya vitone vyekundu vya kubandika, vile wavaavyo wanawake wa Kihindi kwenye paji la uso, kutoka maduka ya Fordsburg.

Picha waliikuta ukutani walipoipanga nyumba: mwanamke wa Kihindi, sari nyeupe, paji la uso tupu. Mwenye nyumba, Mama Naidoo, aliwapa sharti moja tu, isiondolewe. Kitone kilianzia kwenye paji la uso, kesho yake kikawa shavuni. Marcelline alikemea kwa jina la Yesu, kisha akaanza kumshuku Mama Naidoo, maana ufunguo wa pili alibaki nao yeye. Jioni akaifunika picha kwa kitenge na kuapa kwamba Jumamosi wanahama. Héritière akatikisa kichwa kwa huzuni ya kiaskofu. Alfajiri akainua kitenge.

Asubuhi Mama Naidoo akaitwa. Kiingereza cha Marcelline kilikuwa cha utepe wa kupimia, bega, kiuno, shingo, basi; hivyo Héritière akawa mkalimani. Alitafsiri mashtaka kwa sauti nzito, na kwa kunogewa akaongeza kwa Kiingereza kwamba leo kitone kimeshuka shingoni. Marcelline akainua macho, akakitazama kitenge.

Mama Naidoo akaketi. Huyo, alisema, ni shangazi wa mama yake, mmoja wa wanawake wa kwanza kuigiza katika filamu za Kitelugu huko India, wakati wanaume ndio waliovaa sari na kujifanya wanawake. Alikuwa mjane, na kwao mjane hakuruhusiwa kitone chekundu. Kwenye filamu alikivaa. Watu wa mji wake wakalirushia mawe pazia la sinema, kisha nyumba yake. Akakimbilia Durban kwa kaka zake, nao wakampiga picha hii, bila kitone. Filamu iliungua. Kilichobaki ni picha hii.

Mama Naidoo akafuta macho, akasema neno jingine. Hilo Héritière hakulitafsiri.

"Anasema nini?" Marcelline aliuliza.

"Kwamba... shangazi amerudi kuvaa kitone chake, amewasamehe ukoo wake. Leo Mama Naidoo anampigia dada yake simu, amwambie."

"Sawa. Na wewe uniambie mimi. Picha nimeifunika tangu jana, hakuna aliyeiona. Shingo umeitoa wapi?"

Héritière akatazama kitenge. Akatazama mlango.

"Ni mimi, Maman. Na shavu pia. Vyote."

"Usiniambie mimi peke yangu. Tafsiri."

Akamgeukia Mama Naidoo, ambaye tayari alikuwa na simu mkononi, na kwa mara ya kwanza siku hiyo akatafsiri bila kuongeza kitu.

"Ni mimi, Auntie. Hajarudi. Hajasamehe mtu. Ni mimi."