Maji Yasiyochemshwa

Uvumi ulianzia kisimani: Chenai, binti yangu anayepima vipimo zahanati, amevua kanzu nyeupe ya kanisa letu, haombi tena. Nilijitwisha ndoo na uvumi juu yake, nikafika nao nyumbani, nikalala nao. Nilipomuuliza, mimi amai yake, mama mzazi, hakuficha.

"Sijui kama Mungu yupo, Amai. Watu najua wapo."

Nilimfukuza. Mwanawe Tadiwa, wa miaka mitatu, nilimzuia kwangu, nikisema huyu hapotei.

Mvua zilipoleta kipindupindu, Tadiwa akaanza kuharisha. Sisi wa kanzu nyeupe dawa yetu ni vijiwe vya mto alivyoviombea nabii. Unavitia majini, mgonjwa anakunywa. Maji hayo hayachemshwi, maana tulifundishwa moto unaunguza sala. Nikamnywesha kikombe juu ya kikombe. Kufika adhuhuri macho yalikuwa yamezama, na ngozi ya tumbo ukiifinya inabaki imesimama.

Jirani yangu Mai Kundai akanikuta naongeza vijiwe.

"Ongeza na matofali basi, Mai Chenai, umjengee kaburi kabisa."

Nilimbeba Tadiwa mgongoni nikakimbia, chupa ya maji ya sala mkononi. Zahanati waliniuliza uzito wake na mara ya mwisho alikojoa lini. Kanisani kwangu hakuna aliyewahi kuuliza hayo. Muuguzi nisiyemjua alikaa na mguu wa mjukuu wangu mapajani kama wa mwanawe, akitafuta mshipa. Chenai alipoingia nilingoja aniseme. Akaichukua tu ile chupa.

Siku ya pili Tadiwa aliomba sadza, ugali wetu. Nililia. Ndipo Chenai akaniita kwenye hadubini, akaniinamisha kichwa.

Tone moja la chupa yangu, ndugu zangu. Ndani yake vitu hai vinakimbizana, vinageuka, vinapishana kama watu sokoni, na mimi nimewanywesha watoto maji hayo miaka yote nikiyaona matupu. Akaweka tone jingine, la maji yaleyale yaliyochemshwa. Kimya.

"Vyote hivyo ni nini?"

"Vingine sijui, Amai. Ndiyo maana napima."

Miaka ishirini na saba nimekaa mbele ya manabii, sijawahi kumsikia hata mmoja akisema hajui. Mtoto niliyemzaa aliitamka "sijui" bila kutetemeka, na neno hilo lilinitisha kuliko ngurumo.

Nilimwendea nabii nikamuuliza kuhusu moto. Akaniamuru nisiseme na mtu siku arobaini. Niliivua kanzu mbele yake nikaikunja vizuri, nikamwachia.

Nyinyi wenye watoto, epukeni haya:

Kumpa mtoto maji ya kisima au ya mto bila kuyachemsha, hata yakiwa yameombewa.

Kungoja siku ya ibada wakati mtoto anaharisha.

Kumwogopa nabii kuliko msiba.

Kumfunga mdomo mtoto anayeuliza.

Kumfukuza aliyeacha kuamini.

Kuona aibu kusema hujui. Hii mimi bado inanishinda.