Amri ya Siku Thelathini

Dobi wa hospitali alikuwa ameinamia karo la zege, akisugua damu kwenye shuka za wodi ya wazazi, alipoambiwa anaitwa ofisi ya ustawi wa jamii. Vidole vyake, vilivyochunwa na dawa ya kufulia, vilikuwa vinamwasha. Alivifuta kwenye aproni, akaenda bila hata kuvua buti.

Miaka saba nyuma, katika wodi hiyohiyo, mzazi mmoja alitoroka akaacha kichanga. Dobi, mjane ambaye hakujaliwa mtoto, alipewa barua ya kumlea kwa muda, akapeleka ombi la kibali cha kumuasili. Faili likakaa. Kila alipokwenda aliambiwa aje kesho, na kesho ikazaa kesho. Mtoto akaota meno, akatembea, akawa na mdomo hata majirani wakamwita Chiriku. Shule ya tatu ilipomkataa kwa kukosa cheti cha kuzaliwa, dobi alimfuata wakili wa msaada wa kisheria. Jaji hakuchelewa: ofisi itoe uamuzi ndani ya siku thelathini. Dobi alilia kwa furaha mlemle mahakamani, akamkumbatia hata karani asiyemjua.

Leo ilikuwa siku ya ishirini na tisa.

"Karibu, mama. Tumetii mahakama," afisa alisema, akimsogezea barua. "Ombi limekataliwa. Mwombaji hatakiwi kuzidi miaka sitini. Wewe una sitini na mmoja."

"Nilipoleta nilikuwa na hamsini na nne, mwanangu."

"Umri unahesabiwa siku ya uamuzi."

"Na aliyechelewa kuamua ni nani?"

Afisa alilifunga faili. Ndani mlikuwa na karatasi mbili tu. "Ungetulia, mama. Nani alikuwa anakusumbua? Sasa ile barua ya muda nayo imekwisha nguvu. Ijumaa tunakuja kumchukua."

Jioni wakili aliisoma barua mara mbili, asimtazame usoni.

"Tuliomba waamue, shangazi. Waamue vipi, hilo si la jaji. Tutakata rufaa."

"Kwa nani?"

"Kwa mkuu wa ofisi ileile."

"Atajibu lini?"

Wakili alikuna kichwa. "Sheria haisemi."

Ijumaa asubuhi dobi alimkalisha Chiriku katikati ya magoti yake, akamsuka. Alimwambia anakwenda kukaa na watoto wengi, na kuna bembea.

"Na wewe?"

"Nitakuja."

"Lini?"

Dobi alikaza msuko mpaka mtoto akapiga yowe. "Pole, mama. Pole," akasema, akaufumua, akaanza upya, polepole, kama mtu asiyetaka kumaliza.

Afisa alifika na dereva. Alikaribishwa kiti, kilekile kimoja kilichokuwamo chumbani, akaiweka fomu gotini.

"Jina la mama?"

"Si huyu hapa!" Chiriku aliangua kicheko, akidhani anataniwa, akamkumbatia dobi kiunoni.

Afisa aliandika kwa mwandiko mzuri, bila haraka: *Hajulikani*. Kisha akaigeuza fomu, akamwonyesha dobi mstari wa chini kabisa, palipoandikwa *Shahidi*, akampa kalamu.