Alikataa Kusaini

Karani alitoka mlangoni, akaita jina la mdaiwa mara tatu, akarudi akitikisa kichwa. "Hayupo, Mheshimiwa."

Kwenye benchi la nyuma, tarishi wa mahakama aliinamisha kichwa. Ndiye aliyepeleka samansi. Yaani, ndiye aliyeapa kwamba aliipeleka.

Mdaiwa alikuwa fundi viatu. Wiki tatu nyuma tarishi alifika kwake akakuta kufuli. Jirani akamwambia fundi yuko hospitali ya mbali, anamuuguza mkewe. Jua lilikuwa kali, baiskeli ilikuwa na pancha, na mkobani zilibaki hati tisa. Akaisukuma karatasi chini ya mlango, akaenda zake. Jioni, mbele ya kamishna wa viapo, akaandika maneno ambayo matarishi wote wa pale huyakimbilia wakibanwa: nimemkabidhi mkononi, akakataa kusaini. Maneno matamu hayo. Hayahitaji saini ya mtu yeyote.

Wakili wa mkopeshaji alisimama taratibu, kama mtu aliyeshiba. "Mheshimiwa, mdaiwa amepewa wito akaudharau. Tunaomba hukumu ya upande mmoja, na nyumba aliyoiweka rehani iuzwe."

Nyumba! Tarishi alidhani rehani ni cherehani ya viatu tu. Hakuwa na mazoea ya kusoma alichobeba. Kazi yake ilikuwa ya miguu.

Hakimu alishika kalamu. "Tarishi yupo?"

"Nipo, Mheshimiwa." Akasimama.

"Huyu fundi ulimkabidhi mwenyewe?"

Kusema ndiyo kulikuwa rahisi kama kumeza mate, ila mate yenyewe yalikuwa yamekauka. Akilini alimwona fundi akirudi na mgonjwa wake, akikuta mlangoni kufuli la mtu mwingine. Akaiona na jela pia, maana kiapo cha uongo si mchezo. Aliogopa yote mawili, na alipofungua mdomo hakujua hofu ipi ingetangulia kutoka.

"Hapana, Mheshimiwa. Sikumkuta."

Hakimu aliivuta karatasi ya kiapo.

"Umeapa kwamba alikataa kusaini."

"Niliapa, Mheshimiwa. Naomba unisamehe."

Hakimu aliweka kalamu chini. "Hukumu haitolewi leo. Fundi aitwe upya, na apelekewe wito na tarishi mwingine." Tarishi akaanza kushusha pumzi. "Na wewe usitoke humu ndani. Karani, niletee majalada yote aliyoapia huyu tangu mwaka uanze."

Karani alirudi na lundo lililomfika kidevuni. Tarishi alilikodolea macho. Mle ndani alikuwamo mama muuza mitumba, alikuwamo kinyozi aliyekuwa amehama, na walikuwamo wengine ambao hata nyuso zao hakuwahi kuziona. Vitu vyao vilikwisha kupigwa mnada zamani.

Askari wa mlangoni, ambaye hunywa naye chai kila asubuhi, akaja kuketi ubavuni kwake, karibu kuliko kawaida.

"Nipe namba ya mama watoto," akanong'ona. "Nitampigia mimi. Simu yako wataichukua, ndugu yangu."

Tarishi akaanza kuitaja, namba aliyoipiga kwa miaka kumi na moja. Tarakimu ya nne ikampotea. Akaanza upya. Kule mbele hakimu alikuwa anafungua jalada la pili.