Kuliogesha Jiwe

Majirani wakimwona mume wa Mama Tindo anaanika nguo sebuleni badala ya uani, wanajua kuna jiwe jipya limeingia. Vumbi la jiwe halina adabu. Linakaa kwenye shuka, linakaa kwenye chai, linakaa kwenye nyusi za mtu mpaka anazeeka kabla ya adhuhuri. Mume mwenyewe ni fundi cherehani. Anashona kwenye chumba cha mbele kinachotazama barabara, na ndoa yake yote imekuwa kazi ya kuziba upenyo wa chini ya mlango kwa vipande vya vitambaa. Mteja akiuliza mbona koti lake jipya lina ukijivu begani, anajibiwa kwamba ndiyo mtindo.

Jina la Mama Tindo alipewa na mtaa, kwa ajili ya ile tindo ya kuchongea ambayo haimtoki. Hata akienda dukani kununua sabuni, utaiona imechomoza kwenye mfuko wa gauni. Alianza na ndege na samaki wa kuweka bustanini, na siku hizi watu wa nyumba kubwa wanamwagiza vitu ambavyo mumewe huvitazama kwa muda mrefu. Kimoja kilikuwa duara kubwa lenye tundu katikati. Mume alilizunguka, akachungulia kwenye tundu, akamwona mkewe upande wa pili, akasema angalau litafaa kuchungulia wageni kabla ya kufungua mlango.

Lakini jiwe la safari hii halikuwa duara. Lilikuwa Bibi Pokea.

Bibi Pokea ni mkunga mstaafu wa kliniki ya uzazi iliyoko mwisho wa barabara. Nusu ya mji imepita mikononi mwake, na Mama Tindo naye kapita humo humo. Mtoto akishazaliwa, Bibi alimpangusa uso kwa kitambaa cheupe kilicholoweshwa, paji la uso kwanza, kisha macho, kisha pua, kisha mdomo, halafu akamlaza kifuani kwa mama yake na kusema neno moja tu: "Pokea." Jina likamganda.

Sasa kliniki ikataka sanamu yake pale uani, mbele ya benchi wanakokaa mama wajawazito kusubiri zamu. Mama Tindo alipokwenda kumpa habari, Bibi aliinamisha kichwa, akauliza kama mambo hayo hufanyiwa watu ambao bado wanapumua. Akaambiwa ndiyo.

"Basi fanya haraka, mwanangu," akasema. "Nimekula chumvi nyingi mimi. Nataka niione kwa macho yangu haya, siyo nije nisimuliwe huko niendako."

Maneno hayo yalimwingia Mama Tindo, yakajikunja ndani yake, yakakaa.

Kila mchongaji ana masharti yake, na sharti la Mama Tindo lilikuwa kuliogesha jiwe. Jiwe kavu ni mnafiki, lote ni kijivu, lote ni jema. Limwagie maji ndipo linasema kweli: mishipa inajitokeza, madoa, nyufa, hata ule weusi uliojificha kama panya nyuma ya kabati. Kwa hiyo jiwe likifika tu, linaoga. Na kabla hajagusa uso wa sanamu, linaoga tena, maana ukishalichonga unakuwa umefika ndani, na ya ndani siyo ya nje.

Jiwe la Bibi lilipofika likaoga, likatoka safi kama pazia la mgeni. Mama Tindo akaanza. Akatoa mapaja, akatoa gauni na mikunjo yake, akatoa mikono miwili iliyonyooshwa mbele kama ya mtu anayepokea. Alipofika shingoni, mabomba ya mtaa mzima yakakauka.

Nyumbani lilibaki pipa moja, la kupikia na kunywa. Mume alilifunika, akaweka pasi yake ya makaa juu ya kifuniko, kila mtu aelewe. Mama Tindo alilitazama pipa, akalitazama jiwe, akamkumbuka Bibi na chumvi zake. Akajisemea kwamba jiwe limeshaoga, siyo mtoto mchanga huyu wa kuogeshwa kila mara. Akashika nyundo.

Na uso ukatoka, kusema kweli. Ukatoka kwa namna ambayo hata yeye aliogopa kidogo. Pua ile pana ya Bibi, mashavu yaliyoanza kushuka, na yale macho ya kumwambia mtu asukume na aache kulalamika. Mumewe alipoingia uani na futi yake ya kupimia shingoni, alijikuta anatoa shikamoo. Akatazama huku na huku kama kuna aliyemsikia.

Maji yaliporudi, Mama Tindo alijaza ndoo, akachukua msasa wa maji, ule wa kulainishia, akapangusa uso wa sanamu kwa tambara lililolowa ili aanze. Paji likatulia. Mashavu yakatulia. Alipofika juu ya mdomo, mkono ukasimama.

Chini ya pua, kutoka pembe hadi pembe, ulijitokeza mshipa mweusi wa jiwe. Ulikuwa mnene, umekaa sawasawa, na upande wa kushoto umejikunja kwa juu, kwa maringo. Yalikuwa masharubu. Masharubu ya mkuu wa polisi aliyestaafu kwa heshima zote.

Alilikausha jiwe, yakatoweka. Akalilowesha, yakarudi. Akamwita mumewe. Mume akaja, akatazama, akasema kwa upole kabisa kwamba anamkumbusha mjomba wake. Kisha akauma mdomo, akaomba radhi, akarudi ndani, na Mama Tindo akasikia cherehani inakwenda mbio bila kitambaa, na mtu anacheka chini chini nyuma yake.

Mama Tindo hakuwa na cha kucheka. Mshipa wa namna ile unazama ndani kama mzizi. Ukitaka kuukata, utaondoka na mdomo, na pua itaufuata, na Bibi atabaki na uso wa sahani. Kuanza upya ni kusubiri machimbo yatoe jiwe jingine la ukubwa ule, lori lipatikane, kazi irudiwe tangu magotini. Na je, Bibi atasubiri?

Mume alirudi na ushauri, maana mafundi cherehani hawakosi ushauri. Mara wapake rangi. Mara wajenge kibanda juu yake. Mara akajitolea kuishonea sanamu koti la mvua, na akasema hivyo huku akimtazama mkewe usoni kujua kama ameshasamehewa kile kicheko. Hakuwa amesamehewa.

Ndipo Mama Tindo akapata wazo baya. Huu ulikuwa wakati wa kiangazi. Sanamu ikikaa kavu, hakuna atakayejua. Bibi aione, aridhike, kliniki ifurahi, na mvua ikija, basi mvua na ijieleze yenyewe. Wazo lile halikumkaa vizuri, lilikuwa kama kiatu cha kuazima, lakini alilivaa hivyo hivyo. Asubuhi ya siku ambayo Bibi alitarajiwa, alimwagiza mumewe aondoe uani kila kitu chenye maji. Ndoo, beseni, madumu.

"Hata birika?" mume akauliza.

"Hata birika."

Bibi Pokea alifika na gauni lake la kutokea na mkoba mkononi. Aliwekewa kiti mbele ya jiwe. Akakaa. Akaliangalia taratibu toka magotini hadi usoni, mpaka Mama Tindo akaanza kuhesabu vifungo vya gauni la mgeni wake ili apate pa kuweka macho.

"Huyu namjua," Bibi akasema mwishowe, na sauti yake ilikuwa na unyevu kidogo.

Mama Tindo akashusha pumzi. Laiti mambo yangeishia hapo. Lakini Bibi alisema jua ni kali na koo limemkauka, akamwomba fundi maji ya kunywa. Mume alimtazama mkewe. Mke akamtazama mumewe. Ni nani katika dunia hii atamnyima maji mzee aliyempokea mke wake duniani? Akaleta bilauri.

Bibi akanywa mafunda mawili, akashukuru. Kisha akatazama tena sanamu na kukunja uso, akasema mbona mwenzake ameachwa na vumbi namna hii. Kabla mtu hajanyanyua mguu, mkoba umefunguliwa, kitambaa cheupe kimetoka, kimechovywa kwenye bilauri, na mkono uliozoea umeshakwenda wenyewe: paji la uso, macho, pua, mdomo.

Yakatokea. Meusi, yanang'aa, na ule upande wa kushoto umejikunja.

Mume akakumbuka kazi ya haraka kwenye cherehani. Mama Tindo alifungua kinywa, lakini Bibi alimtangulia, kwa sauti ndogo, bila kugeuka.

"Nani amekuambia?"

Mama Tindo hakuelewa. Bibi akachungulia mlangoni kuhakikisha fundi amekwenda, akavuta kiti karibu, na kwa uchungu wa mtu aliyesalitiwa akaeleza kwamba siri ile alikuwa nayo tangu yuko kazini. Kila Jumamosi asubuhi alijifungia chumbani na kioo na kibano, akang'oa unywele mmoja mmoja juu ya mdomo. Marehemu mume wake alikwenda bila kujua, au alijua akanyamaza kwa wema wake. Anayejua ni dada yake peke yake, na ule mdomo wa dada yake alishauogopa siku nyingi.

Sasa hapo palikuwa na mlango wazi. Mama Tindo angeweza kusema ndiyo, Bibi, wachongaji tunaona yote, na mambo yakaisha kwa sifa. Aliuona mlango ule. Akaupita.

"Dada yako hana kosa," akasema. "Kosa ni langu. Sikuliogesha jiwe."

Akamwaga yote: pipa, pasi, haraka, mshipa. Hata lile la kuficha ndoo na birika hakulibakiza. Akamaliza kwa kusema ataanza upya, atafute jiwe jingine, japo hajui litapatikana lini.

Bibi alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha taratibu ikamjia kwamba hakuna aliyekuwa anajua chochote, na kwamba siri ya miaka yote ile ameitoa yeye mwenyewe, kwa kinywa chake, kwenye kiti cha ugenini. Mabega yakaanza kutikisika. Alicheka mpaka akashika mbavu, na kule ndani cherehani ikasimama kusikiliza.

Alipopata pumzi alichovya tena kitambaa, akapangusa tena mdomo wa jiwe, akauliza kama haya mambo yanaonekana wakati wote. Akaambiwa hapana, likilowa tu. Mvua ikinyesha.

"Mvua ikinyesha watu wanakimbilia ndani," Bibi akasema. "Nani ataniona?"

Mama Tindo akaanza tena habari za jiwe jingine. Bibi akamkatiza kwa kidole.

"Wewe nilikutoa na kichwa kirefu kama chupa, na sikio moja limejikunja. Mama yako akanitazama kama mimi ndiye niliyekosea. Unajua nilimwambia nini?"

Mama Tindo alijua. Mji mzima unajua.

"Basi na wewe pokea," Bibi akasema, akamwekea kile kitambaa kilicholowa mkononi, na akadai chai, maana sasa birika bila shaka linaweza kurudi.

Sanamu ikapelekwa kliniki, ikakaa mbele ya benchi, na mikono yake iliyonyooshwa ikawa mahali pa akina mama kutundika mikoba. Kiangazi kikapita. Siku mvua ya kwanza ilipoanguka, Mama Tindo alitoka mbio na mwavuli wa mumewe, akamkuta Bibi Pokea amemtangulia, amesimama chini ya paa la kliniki. Hakuna aliyekimbilia ndani. Wauguzi walikuwa nje, wajawazito wako nje, hata muuza soda ameacha kreti zake, wote wamelowa, wanatazama.

"Si ulisema watu watakimbilia ndani," Bibi akanung'unika.

"Ni wewe uliyesema, Bibi."

Bibi akakubali kwamba huenda. Akaegemea mbele, akayatazama masharubu yake ya jiwe kwa makini, na mkono ukapanda wenyewe ukapapasa juu ya mdomo, mahali ambapo kibano hakikuwa kimepita Jumamosi ile.

"Ila upande wa kushoto umenionea," akasema. "Wa kwangu haujikunji hivyo."