Chemchemi ya Kwenye Shuka

Jumapili baada ya misa, bibi Saturnina Huamaní alifika shuleni na ndoo mbili, akapanga foleni. Mwalimu Wilfredo alitundika shuka, akaziba madirisha kwa mablanketi, akawasha mashine. Ile filamu fupi ya zamani, ya chanzo cha mto, ikaanza. Maji yalipochomoza kwenye mawe yalimwagika kutoka kwenye shuka, watu wakakinga.

Yalikuwa ya kijivu, maana filamu haina rangi. Viazi vilivyomwagiliwa navyo viliota vya kijivu. Alpaka wa Saturnina waliyanywa, na hilo ndilo alilolitaka, kwani chemchemi yenyewe kule juu mgodi uliijengea saruji na wanyama wake walikuwa wanakufa kwa kiu.

Kabla ya hapo alikwenda mjini Cusco kulalamika, nenda rudi, mpaka viatu vikalika. Karani akamwonyesha filamu hiyo. Humo msimuliaji anasema, "Hapa hapaishi mtu."

"Sasa nani kaonewa?" karani aliuliza. "Chukua nakala, bibi, ukajionee."

"Hapaishi mtu! Na mimi ni mzimu?" Saturnina alifoka mpaka nyumbani. "Nilikuwepo, nikiwa mtoto, na mtungi wangu. Yule wa kamera akaniambia, 'Sogea kidogo, unaharibu picha.' Na mguu wangu si umo mle kwenye filamu!"

Ni kweli. Pembeni kushoto upo mguu mtupu wa mtoto.

Jumapili ya kwanza walisahau kumwaga chicha, ile pombe ya mahindi anayopewa roho mwenye chemchemi kabla ya kuteka, na filamu ikakatika. Hawakusahau tena.

Habari zikafika mgodini. Mhandisi akaja na mafundi na bomba, akasalimia vizuri, akapima shuka.

"Maji haya ni ya chanzo," alisema, "na chanzo ni chetu."

Jamani! 

Saturnina alikwenda kusimama mbele ya shuka na ndoo zake. "Alpaka wangu wako nje. Wakinywa, ndipo mtaongea."

"Sogea kidogo, bibi. Unazuia kazi."

Hakusogea. Mafundi wawili wakamshika mikono, kwa heshima zote, wakamkalisha kwenye dawati. Pale kwenye shuka ule mguu ukajivuta taratibu, ukatoka kwenye picha.

Bomba likaunganishwa. Msimuliaji akasema hapa hapaishi mtu, na Saturnina akatafuta mguu wake mpaka filamu ikaisha.