Kinywa cha Clement

Teresiah alikuwa amelea wajukuu watatu kule Kinangop, Kenya, kabla ya kuja Dubai kumtunza mzee wa Kiingereza, na hakuwa amewahi kumwona mtu mzima anayezungumza kwa kinywa cha mwanasesere.

Bwana Wilf Haddow alikuwa na miaka tisini na minne. Ujanani alijaza kumbi za Uingereza. Alimpakata Clement, mwanasesere mwenye kichwa cha karatasi na gundi na midomo ya ngozi, akamsemesha bila yeye mwenyewe kutikisa mdomo, na watu wakacheka hadi machozi. Sasa kumbi zile zilikuwa zimefungwa, wenzake wamezikwa, na maradhi ya kusahau yamekula hata jina la bintiye. Kilichobaki ni mkono wa kulia na sauti ya Clement.

"Teresiah," Clement alisema kila asubuhi kwa sauti nyembamba ya mtoto mtundu, "huyu mzee ananuka. Mwoshe yeye. Mimi usiniguse."

Teresiah alicheka. Binti wa mzee, Madam Rosalind, hakucheka. Tangu utotoni baba yake alimsemesha kupitia Clement tu: kumsifu, kumkanya, hata siku mama yake alipozikwa. Sasa daktari alikuwa amesema mzee hamalizi mwezi. Rosalind alimwambia Teresiah jikoni, akipangusa kikombe kilichokwisha kukauka, kwamba alitaka jambo moja: baba amsemeshe, mara moja tu, kwa kinywa chake mwenyewe.

Alhamisi moja ya Julai, Rosalind akiwa kazini, mzee alitapika kitandani. Kinangop kuna baridi, na jua ni dawa. Godoro la mgonjwa, mto wake na chochote alichokumbatia huanikwa nje. Teresiah alimpangusa Clement taratibu, akamlaza kwenye roshani kando ya mto. Kisha akaketi kumlisha mzee uji, kijiko kwa kijiko, bila kumharakisha.

Aliporudi roshani, gundi ilikuwa imeyeyuka. Rangi ya mashavu ilikuwa imejikunja kama ganda la kitunguu, na kidevu kimeanguka.

Ramathan, Mganda aliyelinda lango la jengo, alipanda na gundi mpya, akatumia saa yake yote ya chakula kubandika.

"Mama, jua la huku si dawa," alisema, wala hakumcheka.

Kidevu kilishika kidogo, kikaanguka tena.

Mzee aliingiza mkono mgongoni mwa Clement, akavuta uzi wa ndani. Kinywa hakikufunguka. Akautoa mkono. Siku hiyo hakusema, wala kesho yake, na uji akaukataa.

Teresiah alimweleza madam ukweli wote, begi lake likiwa limefungwa mlangoni. Rosalind aliliondoa begi mlangoni.

"Rudisha nguo zako kabatini," alisema. "Nani mwingine atamlisha?"

Jumamosi alasiri Rosalind aliketi kando ya kitanda, akamchukua Clement, akaingiza mkono. Hakujua kuficha midomo, lakini macho ya mzee yalikuwa na ukungu. Sauti nyembamba ikatoka vilevile, ndiyo iliyomlea.

"Wilf, una mtoto wewe?"

Mzee alimtazama mwanasesere. Kisha ile midomo iliyofundishwa kutulia miaka sabini ikatikisika, ikatoka sauti nzito, yenye kutu, ambayo Teresiah hakuwahi kuisikia.

"Ninaye mmoja. Wa kike. Nilimwogopa."

"Ulimwogopa kwa nini?"

"Watu wote walikutazama wewe. Yeye alinitazama mimi."

Rosalind alisahau kuibana sauti. "Baba," alisema, "ni mimi."

Mzee aligeuza uso kama mtu aliyeingiliwa chumbani bila hodi, akafunga mdomo. Rosalind alirudia kwa sauti yake, kisha kwa ya Clement, kisha tena kwa yake. Hakujibiwa. Mkono wake ulibaki ndani ya mwanasesere, na Teresiah akaushika ule mwingine.

Jumanne asubuhi mzee alikata roho. Teresiah alileta beseni la maji ya vuguvugu, akamwosha uso, shingo na mikono kama kila siku. Clement alikuwa kitini, kidevu chake kifuani. Teresiah hakumgusa.